Miguu Iliyosimama Chini ya Swichi

Ijumaa Kuu ya mwaka jana, asubuhi, kabla lami haijaanza kuchoma nyayo, ndipo kila kitu kilipoharibika.

Niliamka nikiwa mgane mwenye uchungu. Jua lilipozama nilikuwa bado mgane mwenye uchungu, ila sasa na mbavu zilizovunjika, na damu ya mtu niliyekula naye sahani moja imekauka chini ya kucha zangu.

Kwa aliyelishika gazeti hili leo kwa mara ya kwanza, au aliyefungia samaki lile la wiki iliyopita, namrudisha nyuma kidogo.

Naitwa Eleuterio Manalastas. Mtaani kwetu, hapa mkoani Pampanga, wananiita Teryo. Shule niliachia darasa la nne. Kazi yangu ni kamera. Napiga video za wanawake wazima walio peku. Ndiyo, za wakubwa. Wako watu ng'ambo ambao unyayo wa mwanamke unawasumbua kuliko uso wake, na mimi si niliyewaumba.

Bosi wangu, Delfin Yumul, ana masharti yake. Hataki mwanamke akae mkao. Hataki umwambie simama hapa, geuka kule. Anataka afue, apike, akanyage tope, ajikune shavu la mguu kwa kidole cha mguu wa pili, na kamera imkute hivyo hivyo alivyo. Ukimkatiza, umefukuzwa. "Mguu ukijua unatazamwa, Teryo, unakufa." Hiyo ndiyo sala yake.

Na ili mwanamke asahau kwamba yuko kazini, sote tulioingia nyumba ile ya kupigia picha tulivua viatu mlangoni. Mpiga picha peku. Mpishi peku. Mgeni akija kuuliza njia, naye peku.

Sharti hilo ndilo lililomuua mke wangu Ligaya.

Yeye ndiye aliyekuwa akitupikia, na akiwaosha wanawake miguu baada ya kazi. Ilikuwa msimu wa mvua. Bosi alitaka sakafu ya jikoni ijae maji, kama nyumba iliyovuja. Waya wa taa ukapita humo humo majini. Nilisema. Nikaambiwa nifunge mdomo, waya ni mpya.

Nilikuwa nimelala kifudifudi juu ya meza, jicho kwenye kamera. Senda, mwanamke tuliyekuwa tukimpiga siku ile, alikuwa ameketi juu ya sinki, miguu inaning'inia, bado hajagusa maji. Ligaya akaingia na beseni.

Sikusikia ukelele. Niliona beseni likianguka. Niliona miguu ya mke wangu ikirukaruka pale pale ilipo.

Na nyuma yake, kwenye kizingiti, chini kabisa ya swichi kubwa ya umeme, kamera ikanionyesha miguu mingine miwili. Ya mwanamume. Mikavu. Kidole cha pili cha mguu wa kulia kimepanda juu ya kidole gumba kama mtu aliyekunja nne. Miguu ile ilisimama. Mkono mmoja tu ungezima umeme wote. Mkono haukuinuka.

Nikaruka mezani, umeme ukanitupa ukutani. Nilipozinduka taa zimezimwa, miguu imeondoka, na Ligaya naye ameondoka.

Kapteni wa mtaa wetu, Onyong, mkuu wa mtaa na wa mgambo wake, akaandika kwamba marehemu alifia nyumbani kwake kwa ugonjwa wa moyo. Bosi akasema kamera haikushika chochote. Wote wakasema pale nyumbani tulikuwa wanne, pamoja na bosi aliyekuwa uani. Mimi nikasema watano.

"Umeme umekuchoma ubongo, mzee," kapteni akaniambia mbele ya jeneza. "Nenda kalale."

Sasa wengine mmeniandikia kuuliza kwa nini niliendelea kumfanyia kazi Delfin Yumul. Mmoja kaniita bwege. Mmoja kasema nilinunuliwa. Nawajibu nyote kwa mkupuo: nilibaki ili nitazame miguu.

Mtu yule aliingia nyumba ile mara moja. Angeweza kuingia tena, na akiingia lazima avue. Nilitazama mlangoni. Nilitazama sokoni, kanisani, kwa kinyozi, kwenye misiba ya watu nisiowajua. Mwaka ule sikumbuki uso wa mtu hata mmoja, nakumbuka vidole.

Aliyenishika mkono miezi yote hiyo alikuwa shemeji yangu Isko, mdogo wake Ligaya, askari wa kulinda duka kubwa mjini. Kila Jumapili aliniletea wali uliochachushwa na samaki wa kukaanga, kwa sababu alijua siwezi kupika hata maji. Mtu wa buti na soksi. Hata akilala kwenye mkeka wangu, soksi anazo.

Alhamisi, mkesha wa siku ninayoisimulia, alikuja tena na wali wake, nikamtania.

"Shemeji, soksi hizo ulizaliwa nazo?"

"Mguu wangu hauna kazi kwenye kamera yako, Koya," akajibu. Hakucheka. Koya kwetu ni kaka mkubwa, ndivyo alivyoniita.

"Kesho twende tukawatazame wenye nadhiri."

"Kesho niko zamu."

Akala mezani kwangu akiwa ameinamia sahani. Nikadhani ni uchovu.

*

Basi, Ijumaa Kuu.

Kwetu siku hiyo wanaume wenye nadhiri hutembea toka kikanisa hadi kikanisa, peku, vifua wazi, nyuso zimefunikwa kitambaa, taji la majani kichwani. Migongo yao huchanjwa kwa kibao chenye vigae vya chupa, kisha wao wenyewe huipiga kwa mjeledi wa vijiti vya mwanzi mpaka damu itirike hadi visiginoni. Mmoja anamwombea mama mgonjwa, mwingine anajua mwenyewe alichofanya. Huulizi. Uso umefunikwa ili usiulize.

Na barabara ile ya nadhiri, siku ile, hakuna anayeikanyaga na kiatu. Mtaa mzima unavua, mpaka muuza barafu.

Delfin Yumul aliona nini katika hayo? Aliona waigizaji wa bure.

Alikuwa ameegesha gari kwenye kona, kioo kimepandishwa, kiyoyozi kinavuma, raba nyeupe miguuni. Hakuwa na nia ya kushuka. Mimi na Senda tulisimama nje kama waombaji.

"Mtaa mzima uko peku," alisema akishusha kioo kiasi cha mdomo wake tu. "Hakuna anayejipanga. Hakuna anayejua. Senda anatembea nyuma ya wale wanaochuruzika damu, vumbi lile, damu ile, anaikanyaga bila kutaka. Nani duniani ana picha kama hiyo?"

"Bosi," Senda akasema, "leo Mungu amekufa. Na wewe unataka nyayo?"

"Atafufuka Jumapili. Wateja wangu hawangoji Jumapili."

Senda ni mama wa miaka thelathini na kitu, ana kibanda cha kufulia nguo, na mdomo wake haujawahi kuomba ruhusa. Alishusha mtandio hadi puani.

"Na wakinitambua?"

"Uso umefunika. Nani atakutambua?"

"Bosi, wewe umehamia juzi. Hawa wenye nadhiri wote wamefunika nyuso, na mama zao wanawajua mmoja mmoja. Unadhani wanawajulia wapi?"

Akatazama chini, miguuni mwake mwenyewe. Bosi akapandisha kioo.

Pale pale akaja Kapteni Onyong, fimbo kwapani, buti nyeusi zinang'aa kama sufuria mpya. Akagonga paa la gari kwa urafiki.

"Nimewaambia mgambo wangu wasiwaguse, Bosi Delfin. Mambo yaende."

"Kapteni," Senda akamwambia, "hapa hata padri amevua."

"Padri hana wezi wa kukamata. Mimi niko kazini."

"Wezi si uko nao hapa?"

Kapteni akacheka, lakini fimbo ilihama toka kwapani kwenda mkononi. Nikamvuta Senda tuondoke. Wakubwa ndivyo walivyo. Sheria ikitungwa, wao ndio wa kwanza kuivukia juu.

Kamera nilikuwa nimeiweka ndani ya kikapu cha mboga, jicho lake linachungulia tunduni. Sikioni, chini ya kofia, bosi alinitia kile kidude cha kusikilizia. Picha yote ilikuwa inamfikia kwenye simu yake garini, na sauti pia.

"Usiipandishe kamera juu ya magoti," akanong'ona sikioni. "Usimwite. Usimwongoze. Akikanyaga kinyesi, nataka kinyesi."

*

Nitasema kweli hata kama ni aibu: picha zilikuwa nzuri.

Senda alitembea kama anakwenda kufuata maji. Hakutafuta kamera. Alikanyaga tone la damu, akastuka, akafuta unyayo kwenye nyasi, akajivuta kidogo, akaendelea. Huwezi kumfundisha mtu vile. Mbele yake mijeledi ilikuwa ikilia, paa, paa, paa, na kila pigo likirusha matone. Mashati ya watazamaji yalikuwa na madoadoa. Kuta pia.

"Hapo hapo," bosi alikuwa akigumia sikioni. "Mwache. Mwache. Dhahabu hii."

Kisha mwenye nadhiri mmoja akapita kati yangu na Senda.

Mwanamume mpana. Mgongo wake haukuwa mgongo tena, ulikuwa nyama ya buchani. Wengine hujipiga kwa kipimo, wakijua kesho kuna kazi. Huyu alijipiga kama mtu anayetaka kuua nyoka aliye mgongoni mwake.

Kikapu kilikuwa usawa wa magoti. Kwenye kioo kidogo cha kamera miguu ya Senda ikatoka na miguu yake ikaingia.

Kidole cha pili cha mguu wa kulia kilikuwa kimepanda juu ya kidole gumba. Kimekunja nne.

Nilihisi meno yangu yakiuma. Sijui kwa nini meno.

"Teryo," sauti sikioni. "Senda yuko wapi? Mbona naona dume?"

Nikamfuata yule mtu. Watu wakanisukuma, nikawasukuma.

"Teryo, wewe mzee, umelewa? Rudi kwa Senda. Nyayo za nani hizi, kwanza zina..."

Nikasikia kiyoyozi tu kikivuma sikioni.

Aliporudi, sauti yake ilikuwa nyingine kabisa. Ndogo. Kavu.

"Huyo mtu mwache."

Nikaendelea.

"Teryo. Huyo mtu mwache, nakuambia. Geuza kamera."

Miezi yote ile wameniambia hapakuwa na miguu. Kwamba ubongo wangu umeungua. Basi kama hapakuwa na miguu, Delfin Yumul ameitambua vipi?

*

Mbele ya kikanisa cha tatu wenye nadhiri walilala chini, kifudifudi, mikono imetandazwa, midomo kwenye vumbi. Ndivyo ilivyo. Na hapo jamaa wa mtu, au yeyote aliye karibu, huokota mjeledi na kumpiga kidogo mgongoni na nyayoni, kumsaidia mzigo wake. Ni tendo la huruma. Mabibi hulifanya. Wanafanya kwa upole, kama mtu anayekung'uta mkeka.

Yule mtu alilala. Nyayo zake zikatazama juu, zimejaa vumbi na changarawe.

Hakuna jamaa yake aliyetokea.

Nikaweka kikapu chini, jicho la kamera likimtazama. Nikaokota mjeledi wake.

Pigo la kwanza nililipiga kama wengine. La pili halikuwa kama la wengine. La tatu lilichana ngozi ya unyayo, nikasikia mwanzi ukigonga mfupa.

"Kwa nini hukuzima?" nikamwambia kwa sauti ya chini.

Hakutikisika.

Nikapiga. "Kwa nini hukuzima?" Nikapiga. "Alikuwa amekukosea nini?" Nikapiga pale kwenye kidole kile, nikapiga tena pale pale, mpaka kikashuka kutoka juu ya mwenzake na kikalala upande kisikotakiwa.

Bibi mmoja aliyekuwa akiimba sala kando yangu akaacha kuimba.

"Taratibu, mwanangu. Huyo si ngoma."

"Namsaidia mzigo, Apu," nikamjibu, jina tunalowaitia mabibi wote.

"Huo mzigo au gunia la mpunga?"

Wawili watatu wakacheka. Siku ile damu haimshangazi mtu, msomaji wangu, ndiyo ubaya wake. Ningemuua pale mbele ya padri na watoto wa shule, na wangedhani nina upendo mwingi.

Sikioni bosi alikuwa akipiga kelele, lakini hakuwa akinipigia mimi. "Kapteni! Kapteni, njoo huku! Upesi!" Nikasikia mlango wa gari ukifungwa.

Nikainua mjeledi kwa mikono miwili.

Ndipo yule mtu akasema, mdomo ukiwa bado vumbini:

"Piga, Koya. Nimekuja kwa ajili hiyo."

Mkono wangu ulibaki juu. Sauti ile naijua. Jana yake iliniambia mguu wake hauna kazi kwenye kamera yangu.

Msomaji, kuna jambo ambalo kwetu hufanyi. Mwenye nadhiri akiwa barabarani humfunui uso. Awe mwanao, awe adui yako, awe mtu unayemdai roho. Nadhiri ni yake na Mungu wake mpaka afike mtoni akaoge. Ukimfunua umemvulia nguo mbele ya Mungu.

Nikapiga magoti, nikashika kitambaa, nikakivuta pamoja na taji.

Alikuwa Isko.

Shemeji yangu Isko. Uso mweupe kwa vumbi, machozi yamechimba mistari miwili. Wali wake wa jana ulikuwa bado jikoni kwangu umefunikwa sahani.

"Dada yako," nikasema. "Isko. Dada yako wa tumbo moja."

"Nilikwenda kumchukua, Koya. Nilikuwa naona aibu na kazi ile. Nilitaka arudi nyumbani. Nikavua buti mlangoni kama wanavyotaka, nikavua na soksi. Nikafika kwenye kizingiti..." Akakohoa. "Nilinyoosha mkono. Naapa kwa damu hii nilinyoosha mkono."

"Uongo! Nilikuona! Ulisimama kama mlingoti!"

"Nilishikwa. Kwa nyuma. Mkono mmoja shingoni, mmoja umebana mikono yangu. Akaninong'oneza sikioni. Akasema, usiguse, kamera inapiga."

Nilisikia vizuri. Nawaandikia kama nilivyosikia. Usiguse, kamera inapiga.

Mke wangu alikuwa anaungua na mtu mmoja aliona ni picha nzuri. Ya asili. Hakuna anayejipanga.

"Nani?" nikamtikisa mabega, mikono yangu ikateleza. "Nani, Isko?"

"Akanisukuma nje kwa mlango wa nyuma, nikaangukia tope, mlango ukafungwa. Akasema kutoka ndani, ukifungua mdomo, nitasema ni wewe uliyewasha umeme."

"Na ukanyamaza! Ukala mezani kwangu, ukalala kwenye mkeka wa dada yako!"

"Nikanyamaza," Isko akasema. "Ndiyo maana nimekuja kupigwa."

*

Hapo watu waliona uso wake.

"Amemfunua!" mwanamke mmoja akapiga kelele. "Amemfunua mwenye nadhiri!"

Sijawahi kusikia sauti za watu zikigeuka upesi namna ile. Wale wale waliokuwa wakicheka. Mtu alinishika nywele kwa nyuma. Mwingine alinipiga ngumi sikioni, kile kidude cha bosi kikazama ndani nikadhani ni risasi. Nikaanguka juu ya Isko. Mijeledi ikaanza kunishukia, na hii haikuwa ya huruma. Mtu mmoja alinipiga na kile kibao cha vigae. Nilisikia shati likichanika, kisha nikasikia ni mimi ninayechanika.

"Mkufuru!"

"Mtoeni mbele ya kikanisa!"

"Kuna kamera! Tazameni, kikapuni kuna kamera! Anapiga picha nyayo!"

"Nyayo za nani?"

"Za mwanamke! Alikuwa akimfuata huyu hapa, Senda wa kufua nguo, tazameni kovu la kisigino!"

Senda alikuwa amemwambia bosi. Hata mtoto alimjua kwa kisigino.

Nilimwona Senda kupitia msitu wa miguu. Mtandio ulikuwa umeshang'olewa. Wanawake wawili walikuwa wamemkamata nywele, wa tatu anamkanyaga makusudi vidole vya miguu, na yeye anawatukana matusi ambayo gazeti hili haliwezi kuyabeba. Alimuuma mmoja. Akachomoka. Nikadhani atakimbia.

Alikuja kwangu. Akainama, akaunyakua mkono wa kikapu.

"Koya Teryo, ilikuwa inapiga?"

"Muda wote," nikasema, na jino likatoka pamoja na neno.

"Basi huyu shemeji yako ameshasikika humo." Akaitoa kamera, akaitia kifuani ndani ya blauzi. "Usife kabla sijarudi, sina hela ya jeneza."

Akakimbia. Yule mwanamke nilipiga miguu yake mwaka mzima, na sijawahi kuiona ikienda namna ile. Hakuna aliyemwongoza.

"Kamera!" Hiyo ilikuwa sauti ya Delfin Yumul, sasa si sikioni, iko hapo hapo juu yangu. Hakuita jina langu. Hakumuuliza Isko kama yu hai. "Kamateni kamera! Mwanamke amechukua kamera!"

"Tulieni! Tulieni, nyie!" Na hiyo ilikuwa ya kapteni. Mgambo wake waliingia na marungu, wakipiga yeyote aliye karibu. Umati ukafunguka kidogo.

Isko alijaribu kuinuka. Aliegemea viwiko, damu inamtoka nyayoni pale nilipompiga, akaniangalia mimi peke yangu kama hapakuwa na mtu mwingine barabarani.

"Koya, sikumwona uso," akasema. "Niliinamisha kichwa kwa vile alivyonibana. Niliona chini tu. Aliyenishika alikuwa na viatu. Ndani ya nyumba ile, Koya. Viatu."

Rungu lilimpata nyuma ya sikio. Lilitoa mlio kama nazi. Kichwa chake kikaanguka juu ya mkono wangu na hakikuinuka tena, na wiki zote hizi nikiandika, hakijainuka. Amelala kitandani mjini, mashine inampumulia, na muuguzi ananiambia nizungumze naye, atasikia.

Nani aliagiza rungu lile? Mgambo anasema alisikia "mpige huyo." Anasema palikuwa na kelele. Hajui sauti ilikuwa ya nani kati ya bosi na kapteni.

Nililala pale shavu kwenye lami. Macho yangu yalikuwa usawa ule ule ninaowekea kamera. Mbele yangu, mpaka mwisho wa barabara, nyayo tu. Za wazee, za mabibi, za watoto, zenye damu, zenye vumbi. Mtaa mzima peku.

Isipokuwa wawili.

Raba nyeupe zilisimama upande wangu wa kulia, na pembeni zilikuwa zimeingia doa la damu ya Isko. Buti nyeusi zilisimama kushoto, zinang'aa, na ncha yake moja ilikuwa juu ya vidole vyangu. Hakuna aliyeinama.

Nikafikiri kwa namna mtu anavyofikiri akipigwa, kidogo kidogo.

Bosi? Wakati mke wangu anakufa, nilimsikia Delfin Yumul kwa masikio yangu haya akicheka na mtu kwenye simu, nje uani, chini ya dirisha la jikoni. Sauti yake naijua hata nikiwa usingizini. Hawezi kuwa uani na kwenye kizingiti kwa wakati mmoja.

Kapteni? Onyong aliandika kwa mkono wake, akatia sahihi, kwamba aliitwa baada ya mauti, na aliponikuta mimi nimekaa na maiti mapajani alikuwa ndiyo kwanza anaingia, mvua inamchuruzika kichwani.

Nikamwona bosi akimtazama kapteni. Nikamwona kapteni akitazama pembeni. Mbali, mwisho wa barabara, Senda alikuwa bado anakimbia na kamera kifuani, na mgambo wawili wako nyuma yake.

Mlangoni pa nyumba ile, siku ile ya mvua, tuliacha kandambili zetu sote, zimepangwa mstari. Ligaya ndiye aliyekuwa akizipanga.

Basi viatu vilivyosimama nyuma ya Isko, kwenye giza la korido, vilikuwa vya nani?